Fisi Aliyeugua Kipindasiku

Mvua zilipokataa kunyesha katika nchi ya Mkwajuni, mito ilikauka mmoja baada ya mwingine, ikabaki chemchemi moja tu, ndogo, chini ya mawe. Simba, mfalme wa nchi ile, aliwakusanya wanyama wote akanguruma: "Kila mmoja kata moja asubuhi, kata moja jioni. Atakayezidisha, mimi na yeye!" Kisha akamkabidhi Sungura kazi ya kugawa maji, maana Sungura alikuwa na macho mepesi na ulimi wa kuwaweza wakorofi.

Sungura aliipenda kazi ile. Alikaa juu ya jiwe, kata mkononi, akimtania huyu na kumkemea yule, na maji yakawatosha wote.

Ndipo kipindasiku kikaingia. Ulikuwa ugonjwa wa ajabu, hauna homa wala kikohozi, ila humvuruga mgonjwa asijue nyakati. Kitambo kidogo humwia kama mwaka, na asubuhi huiona usiku.

Wa kwanza kushikwa alikuwa Digidigi. Alfajiri, jirani zake wakiamka, yeye aliwaambia, "Haya, laleni salama." Mkewe akienda kichakani kuchuma majani, akirudi humkuta analia.

"Mke wangu! Nilidhani umeshaolewa kwingine! Mtoto amekua bila mama!"

"Mtoto huyu hapa, baba, bado ananyonya," mkewe alimjibu, akicheka huku machozi yanamlengalenga.

Kwa kuwa kila kungoja jioni kulikuwa kwake kungoja mwezi mzima, Digidigi alinyong'onyea kwa kiu hadi miguu ikamtetemeka. Sungura akamwonea huruma, akaenda kwa Simba kumwombea.

Simba alizitikisa nywele za shingoni. "Mimi ni mfalme mwenye huruma. Mwenye kipindasiku na apewe maji kila anapoona kiu."

Fisi aliyasikia maneno hayo, akalamba midomo. Kesho yake alikunywa kata yake ya asubuhi, akazunguka jiwe, akarudi anajikokota.

"Sungura ndugu yangu, hivi mimi nilikunywa lini?"

"Sasa hivi. Kidevu hakijakukauka."

"Sasa hivi? Lo! Mimi naona tangu masika ya mwaka juzi! Basi kimenishika, ndugu yangu. Kimenishika!"

Sungura alijua kabisa kwamba ule ni uongo, lakini amri ya mfalme ni amri. Akachota. Fisi akanywa, akaenda, akarudi. Siku ile alirudi hata Sungura akachoka mkono, na siku zilizofuata zikawa hivyo hivyo. Tumbo la Fisi likavimba, chemchemi ikazidi kushuka.

Simba alipokuja kutazama na kukuta tope, alighadhibika. "Basi! Wagonjwa hawapewi tena cha ziada. Na chemchemi hii ikikauka, Sungura, ngozi yako nitaitandika pangoni kwangu."

Sungura aliogopa kwa ajili ya ngozi yake, asikuambie mtu. Lakini lililomchoma zaidi ni Digidigi, ambaye bila yale maji asingeiona wiki ijayo.

"Mfalme," alisema, "Fisi anakudanganya."

"Nani? Mimi nidanganywe?" Macho ya Simba yaliwaka.

Sungura akageuza maneno upesi. "La hasha! Nani awezaye kukudanganya wewe? Nilitaka kusema, hebu wafanyie wagonjwa karamu, wauone ukarimu wako. Yule nyati uliyemwangusha bado yupo. Niachie mimi nitangaze, nawe ujifiche uwatazame wanavyofurahi."

Simba akatabasamu. Karamu ya kusifiwa hakuwahi kuikataa.

Jioni ile Sungura alipiga mbiu: "Wagonjwa wote wa kipindasiku mnaalikwa Mwamba Mwekundu! Nyama kwa wala nyama, majani mabichi kwa wala majani. Ni keshokutwa, jua linapougusa mwamba. Atakayewahi hapati, atakayechelewa hapati!"

Digidigi alikwenda papo hapo. Akakuta mwamba mtupu, akarudi kumwambia mkewe kwamba karamu ilikwisha zamani na waalikwa wote wamekufa kwa uzee.

Keshokutwa yake, Sungura na Simba walijibanza nyuma ya mwamba. Jua likachomoza, mwali wa kwanza ukagusa jiwe, na papo hapo Fisi akachomoka kichakani, udenda unamtiririka.

"Nimefika! Sikuwahi, sikuchelewa! Nyama iko wapi?"

Sungura alijitokeza peke yake. "Pole, Bwana Fisi. Karamu ilikuwa mwaka jana."

"Mwaka jana? Usinichezee! Ulitangaza juzi jioni, leo ndiyo keshokutwa, na jua ndiyo kwanza limegusa mwamba. Nimelilinda jua hili tangu giza halijatoka!"

Sungura alicheka hadi akashika mbavu. "Na kipindasiku chako, ndugu yangu, umekiacha wapi?"

Simba akainuka nyuma ya mwamba. Fisi alimwona, mkia ukamwingia miguuni.

"M-mfalme," alibabaika, "usiku mwema."

"Usiku mwema wa nini, na jua limekupiga usoni!" Simba alinguruma hata kokoto zikaporomoka. "Umeinywa huruma yangu kata kwa kata! Sasa utaichimba chemchemi mpaka maji yarudi, nawe utakunywa wa mwisho."

Fisi akachimba, kucha zikawa butu, tumbo likanywea, na Sungura amekaa juu ya jiwe akimwonyesha pa kuchimba. Hatimaye, chini kabisa ya mawe, maji yakabubujika, mengi na ya baridi. Fisi akainamisha shingo anywe.

"Ngoja," alisema Sungura. "Mgonjwa kwanza."

Digidigi akaletwa na mkewe. Alikunywa taratibu, akashusha pumzi, akamtazama Fisi aliyejaa tope kuanzia masikio hadi mkia.

"Ahsante sana, Bwana Fisi," alisema kwa moyo safi. "Unaumwa kama mimi, na bado umetuchimbia maji wagonjwa wenzako. Mungu akuponye."

Wanyama wote waliangua kicheko. Fisi alijikung'uta tope. Akarudi nyuma ya mstari, nyuma ya Kobe aliyekuwa ndiyo kwanza anakuja kwa mbali, akangoja zamu yake.