Mguu Mmoja Majini

Kulikuwa na wakati ambapo nchi ya Japani haikuwa na korongo hata mmoja. Waliosimama majini huko walikuwa watu. Ngome ya Bwana Kageyasu ilizungukwa na handaki la maji, na samurai wake walilinda kwa zamu humo, maji yakiwafika magotini. Sheria ilikuwa moja: mlinzi hatoki mpaka mwenzake aingie, amshike bega na kusema, "Nimekupokea."

Samurai mmoja, Genshiro, alipendana na Oriku, binti wa bwana wake. Binti huyo alikuwa amekwisha kuposwa na ukoo wa adui ili vita viishe. Kageyasu alipopata habari, hakuchomoa upanga. Alisubiri Genshiro aingie zamu, kisha akawaagiza wengine: "Asipokewe."

Siku ya kwanza wenzake walimcheka kutoka ukutani.

"Genshiro, umeota mizizi?"

"Mwacheni, anavua samaki kwa vidole!"

Siku ya pili hawakucheka. Hakula, hakulala, hakutikisika. Samaki walipita katikati ya miguu yake bila kuikwepa.

Asubuhi ya tatu ukungu ulishuka. Oriku alikuja ukingoni amevaa ndara za majani, za safari ndefu.

"Machela ya kunipeleka kwa mchumba inaondoka adhuhuri," alisema. "Twende sasa. Hakuna atakayetuona."

"Sijapokewa, bibiye."

"Hutapokewa. Baba amekataza."

"Najua."

"Basi unamngoja nani?"

Genshiro aliinua mguu mmoja kutoka majini, akauelekeza kwake. Oriku akanyoosha mkono. Mguu wa pili haukutoka. Hakuna aliyeushika, haukutoka tu. Ukungu ukawafunika.

Wapagazi wa machela walimkuta Oriku peke yake, mkono bado umenyooshwa. Deraya ya Genshiro, vazi lake la vita, ilikuwa tupu matopeni, na kamba zake zote zilikuwa bado zimefungwa. Hapo alipokuwa, alisimama ndege mrefu wa kijivu, mwenye unyoya mweusi kisogoni kama fundo la nywele za samurai. Oriku aliitwa mara tatu kabla ya kuingia kwenye machela. Ndege hakugeuka.

Tangu asubuhi ile korongo husimama kwa mguu mmoja. Mtaambiwa, wanangu, kwamba anaupumzisha ule mwingine. Sivyo. Ule ndio uliokwisha kuondoka.