Bi Mwanahawa Shimoni

Paukwa!

Pakawa!

Kaeni chini basi, aliyesimama ananizibia upepo.

Hapo kale, kabla bibi yangu hajaota meno, kilikuwepo kijiji cha watu wenye adabu mno. Asubuhi moja ya mvua, Bi Mwanahawa, mjane, akatumbukia kwenye shimo la choo kipya, kando ya njia. Maji yakaanza kuingia.

Akapita Shomvi na jembe lake.

"Shikamoo, Bi Mwanahawa! Habari za asubuhi?"

"Marahaba, baba. Njema, ila nimetumbukia. Maji yako magotini."

"Tunashukuru. Na watoto?"

"Hawajambo, ila..."

"Wasalimie!" Huyo, akaenda zake.

Akapita Bi Kidawa na kuni kichwani.

"Umeamkaje, shoga?"

"Salama, ila maji yako kiunoni."

"Alhamdulillahi! Na kuku?"

"Wazima, ila nazama."

"Nimefurahi kusikia." Akaenda zake.

Akapita mwalimu wa chuo cha Kurani. Bi Mwanahawa akamjibu: njema, ila maji yako kifuani. Mwalimu akaitikia "Vyema, vyema," akaenda zake. Msicheke. Nyinyi leo mmemsalimu nani, na kakujibuni nini?

Mchana Shomvi akarudi. "Habari za tangu asubuhi, bibi?"

Maji yalikuwa shingoni.

"Mbaya!"

Jembe likamponyoka. "Umesemaje?"

"Mbaya! Mbaya sana!"

Shomvi akatimua mbio. "Jamani! Bi Mwanahawa kavunja adabu!"

Kijiji kizima kikaja, na kamba. Kumwokoa? Thubutu! Mtu atashtakiwaje akiwa shimoni? Wakamvuta, wakamweka mbele ya Jumbe, mkuu wa kijiji, matope yanamchuruzika.

"Mtu mzima unajibu mbaya!" Jumbe akafoka.

Bi Mwanahawa akakamua khanga yake. "Kwanza tusalimiane. Habari zako, Jumbe?"

"Njema."

"Njema ipi?"

"Njema tu!"

"Nakusikiliza." Akakaa chini, akamkazia macho. Akangoja. Akangoja. Akangoja.

Jumbe akatazama kulia, akatazama kushoto. Mwisho akashika shavu.

"Jino," akasema. "Linaniuma mwezi wa saba huu. Silali."

"Si ulisema huipendi nyama ninayokupikia?" mkewe akamaka. "Miezi saba nimekununia bure!"

Shomvi naye akaketi, machozi yanamlenga. "Bibi, hata mimi..."

"Wewe subiri," Bi Mwanahawa akasema. "Jumbe, tanua mdomo. Kidawa, niletee ile kamba."

Hadithi yangu nimeitua hapa. Ikiwa tamu, mmegeane. Ikiwa chachu, nirudishieni, nitaitia kwenye mchuzi.