Fisi na Kucha Zinazolinda Ghala

Apa kwanza. Weka mkono kifuani, useme hutamwambia mtu. Mimi niliapishwa na Kanga, naye Kanga aliapishwa na Sungura, kwa hiyo siri hii imetunzwa vizuri sana. Haya, sogea.

Mwaka ule jua lilikausha hata matope. Wanyama wakakusanya chakula chote kilichobaki, makopa ya muhogo na ng'onda za samaki, wakakiweka katika ghala moja la kuwavusha hadi mvua. Ghala likiibwa, watoto wa kijiji hawaioni masika. Mlinzi akawekwa Mbwa, na kila mtu akamsifu: "Mbwa analinda usiku kucha!"

Fisi akasikia. Mate yakamchuruzika hadi magotini.

"Kumbe zinazolinda ni kucha!" akajiambia. "Zikiondoka hizo, hamna ulinzi."

Asubuhi akaenda kwa Mbwa, makasi mkononi.

"Hodi, shemeji!"

"Ushemeji umeanza lini?"

"Usinune, bwana. Kucha zako zimekuwa majembe. Ukitembea, ta-ta-ta, mtaa mzima hatulali. Leta nikukate."

Kweli zilikuwa ndefu. Lakini Mbwa huyo asiyeogopa chui, alipoyaona makasi alijitosa chini ya kitanda, ukabaki mkia tu nje. Ikabidi aitwe Sungura, jirani yake, aje kumshika.

"Kata ncha tu," Sungura akaonya. "Ukigusa pale penye wekundu ndani, atakung'oa pua."

Kacha! Mbwa akalia kama anachinjwa.

"Sijakugusa bado, nimekata hewa!" Fisi akafoka.

Kacha! Kacha! Kila kipande kilichoanguka, Fisi alikiokota akakitia kibindoni.

"Za nini hizo?" Sungura akauliza.

Fisi, furaha imemzidi, akamnong'oneza: "Si ndizo zinazolinda usiku?"

Sungura akang'ata sikio lake mwenyewe asije akacheka. "Ewaa! Basi usibakize hata moja."

Kazi ilipokwisha, Sungura akazunguka kijiji kizima akinong'ona. Siri, si unajua.

Alfajiri Fisi akaingia ghalani anaimba, kibindo kinachezacheza. Akazamisha kichwa katika kapu la ng'onda. Akatega sikio: hakuna ta-ta-ta. Akaongeza tonge. Maskini, hakujua Mbwa yuko nyuma yake, miguu kimya kama ya paka.

"Zimenoga, shemeji?"

Fisi akageuka, mkia wa samaki unaning'inia mdomoni. "We! Kucha zako ninazo mimi!"

"Na meno nayo uliyakata?"

Mlango ukafunguliwa wazi. Kijiji kizima kimejipanga nje, Sungura mbele, kina mama na watoto mgongoni. Fisi akajaribu kumeza, mkia ukagoma kushuka. Nao wote, kwa sauti moja, wakampigia kelele:

"Kumekucha!"

Mchimba kisima huingia mwenyewe.