Pimamaji Yenye Alama Nyekundu

Wapendwa, Jumapili iliyopita tulipokuwa tunatoka hapa, binti yetu Atuganile, yule anayesoma falsafa chuo kikuu, alinishika mkono pale mlangoni akaniuliza swali. Alisema wamefundishwa habari za Mjerumani mmoja wa zamani aliyesema kwamba binadamu, kabla hajaitumia akili yake kupima mbingu na nchi, aipime kwanza akili yenyewe, ajue inafika wapi na inakomea wapi. Waliokuja nyuma yake wanagombana mpaka leo. Alimaanisha nini hasa? Na kazi hiyo inawezekana? Maana akili utaipima kwa kitu gani, kama si kwa akili ileile? Binti alikuwa amechanganyikiwa kweli, machozi yanamlengalenga. Mimi nilimjibu nini? Ngojeni kidogo, nitasema nikipata nguvu. Kwanza sikilizeni habari ya fundi.

Palikuwa na fundi mwashi mmoja. Jina lake siwatajii, maana nawajua, mtakwenda kuchungulia kuta zake. Fundi huyu alikuwa na pimamaji aliyorithi kwa mwalimu wake, ya mbao ngumu, ina kichupa cha kioo katikati, na ndani ya kichupa maji na kiputo kimoja cha hewa. Kiputo kikitulia katikati, kazi iko sawa. Kikikimbilia pembeni, bomoa uanze upya. Upande mmoja wa pimamaji hiyo mwalimu alikuwa amepaka alama ya rangi nyekundu. Fundi wetu, akipima sakafu, alisimama mgongo mlangoni na kuiweka alama nyekundu mkono wa kulia. Siku zote kulia. Kwa nini? Hakujua. Aliona mwalimu akiweka hivyo, naye akaweka hivyo.

Alirithi na usemi mmoja wa mwalimu: kabla hujapima ukuta, pima pimamaji. Aliwaambia wanafunzi wake usemi huo kila asubuhi, na mmoja akithubutu kuuliza inapimwaje, alimwambia achanganye udongo, aache maneno. Jamani, si ndivyo tunavyowajibu watoto tukiwa hatujui?

Sasa fundi huyu alimjengea mama yake nyumba. Nyumba nzuri, matofali ya kuchoma, sakafu ya saruji. Lakini mwaka wa pili ukuta wa chumba cha kulala ulianza kupasuka chini, palepale kilipo kitanda cha mama. Mvua kubwa zilikuwa zimebakiza majuma mawili, na mvua za huku kwetu Rungwe mnazijua. Mama akamwita.

"Mwanangu, maji yakiingia humu ndani yanakwenda yote kwenye ukuta huu. Yanaula kwa chini. Sakafu yako imelala upande."

Fundi akacheka. Akasimama mgongo mlangoni, akainama, akaweka pimamaji, nyekundu kulia. Kiputo kikatulia katikati kabisa.

"Mama, tazama. Sakafu iko sawa. Labda ni miguu yako, umri nao umekwenda."

Mama hakubishana. Alichukua limau mezani akaliweka sakafuni. Limau likajiendea taratibu, likapita chini ya kitanda, likagonga ukuta.

Hapo ndipo fundi alipovurugikiwa. Macho yake yanaona limau linatembea, na pimamaji inasema sakafu imetulia. Amwamini nani? Akaenda kwenye nyumba ya zamani ya mchungaji, iliyojengwa na mwalimu wake. Akapima. Kiputo kikakimbilia pembeni. Akasikitika, akasema moyoni, maskini mzee, kumbe siku za mwisho macho yalimpungua. Akapima nyumba tisa alizojenga mwenyewe miaka ya karibuni. Zote sawa. Mnaona mambo hayo? Nyumba alizojenga yeye zimenyooka, ya aliyemfundisha ndiyo imepinda. Alipaswa kufurahi, lakini limau halikumtoka kichwani. Usingizi ulimpaa, akifikiria mama yake amelala chini ya ukuta ule.

Akawatafuta wanafunzi wake watatu, ambao sasa ni mafundi wenye kazi zao. Wakalinganisha pimamaji zote nne juu ya ubao mmoja. Zikakubaliana. Zingeachaje kukubaliana? Vijana walipohitimu, kila mmoja alinunua pimamaji yake, akakaza skrubu zinazoshika kichupa mpaka ifanane na ya fundi, kisha akapaka alama nyekundu. Basi wakaanza kubishana, na kila mmoja akasema anafuata usemi uleule wa mwalimu.

Wa kwanza alikuwa mpole. Akasema, "Fundi, sisi hatujawahi kuuona unyoofu wenyewe. Tunaona kiputo tu. Basi unyoofu ni kile kinachosemwa na kiputo, na nje ya hapo hakuna kitu. Sakafu ya mama imenyooka. Limau ndilo linalokosea."

Wa pili alikuwa amefanya kazi sehemu nyingi. "Mimi ng'ambo ya mto nimekuta pimamaji zinazosema tofauti na zetu, na watu wanaishi ndani ya nyumba zao vizuri tu. Wana unyoofu wao, sisi tuna wetu. Nani atatuamua?"

Wa tatu alikuwa na hasira za tangu siku nyingi. "Ninyi wote mnaabudu kipande cha mti. Nani alitwambia lazima tunyooshe? Ni mwenye pimamaji, ili tumnyenyekee mwenye pimamaji. Tupa, tujenge kwa macho."

Fundi aliwasikiliza mpaka kichwa kikamuuma. Kila aliyesema alimwona ana haki, na wote watatu hawawezi kuwa na haki pamoja. Akawauliza, "Na mama yangu alale wapi leo?" Hilo hakuna aliyekuwa amelifikiria.

Akarudi kwa mama. Zilikuwa zimebaki siku nne, na mawingu yamekwisha kukaa mlimani. Akaingia, akasimama mgongo mlangoni, akaweka pimamaji sakafuni, nyekundu kulia. Katikati. Mama alikuwa ameketi kitandani, anamtazama. Akainama, akaiokota.

"Ndiyo hii inayoniambia miguu yangu imezeeka?" Akaigeuza mikononi, akapangusa vumbi kwa kanga, akairudisha chini mahali palepale.

Fundi akasema, "Umeiweka vibaya, mama. Nyekundu inakaa kulia."

"Si nimeiweka kulia. Kulia kwangu."

Maana mama alikuwa ameketi kumwelekea mwanawe, na kulia kwake ni kushoto kwa fundi.

"Hapana, mama, kulia kwa anayepima."

"Kwani sakafu inajua kulia kwa nani?"

Fundi akafungua mdomo amjibu, kisha akaona kiputo. Kilikuwa kimekimbilia ukingoni, kimejibana kabisa. Akaigeuza pimamaji. Katikati. Akaigeuza tena. Ukingoni. Sakafu haijasogea, mama hajasogea, pimamaji ni ileile. Akaketi chini.

Ndipo akakumbuka. Mwalimu wake, kila asubuhi, kabla ya kazi, aliiweka pimamaji juu ya jiwe, akatazama. Akaigeuza, nyekundu ikaenda upande wa pili, akatazama tena. Fundi, enzi hizo kijana, alidhani mzee anapangusa umande. Alama nyekundu haikupakwa ili ikae kulia. Ilipakwa ili ujue kama umeigeuza. Akakumbuka pia siku ile, miaka mingi baada ya mzee kufa, pimamaji ilipomponyoka juu ya jukwaa ikaanguka kwenye mawe. Alitazama kioo, akaona hakikuvunjika, akaendelea kujenga.

Akalegeza skrubu, akakirudisha kiputo nusu ya njia, akageuza, akarekebisha, akageuza, mpaka ikasema neno lilelile upande huu na upande ule.

"Sasa inasema kweli?" mama akauliza.

"Mama, unyoofu wenyewe sijapata kuuona, na sidhani kama nitauona. Ninaona kiputo tu. Lakini kosa langu nimeliona."

Alasiri ileile akabeba kitanda cha mama mpaka nyumbani kwake, akarudi akaubomoa ukuta kwa mikono yake. Kesho yake akaenda kwenye ile nyumba ya zamani, akaweka pimamaji sakafuni. Kiputo kikatulia katikati. Akalia kama mtoto, maana siku zote hizo alikuwa akimsikitikia mtu aliyekuwa sahihi. Kisha akaanza kupiga hodi, nyumba moja baada ya nyingine, zile tisa alizozipima.

Sasa, wapendwa, turudi kwetu. Wale vijana watatu hawakuwa wajinga, msiwacheke. Wa kwanza alisema kweli, tunaona kwa kioo tu. Wa pili naye alisema kweli, kioo chetu si kioo cha wote. Hata yule wa tatu, wapo wanaoshika pimamaji ili wanyenyekewe, na baadhi yao huvaa kola kama hii yangu. Lakini wote walijadili usemi wa mwalimu, na hakuna hata mmoja aliyenyoosha mkono akaigeuza pimamaji yake. Sisi je? Tumewapima wake zetu, tumewapima vijana, tumewapima wa dhehebu jingine, na kila mara kiputo kimekaa katikati. Umewahi kujiuliza kwa nini kila mara wewe ndiye uliyenyooka? Wala usiulize utaipima akili kwa kitu gani. Ipo akili ileile, na yupo mtu aliyeketi upande wa pili, ambaye kulia kwake ni kushoto kwako.

Nilisema nitawaambia nilivyomjibu Atuganile. Nilimwambia maswali ya namna hiyo ni ya shetani, ayaache, chuo kisimpoteze. Nilisema mbele ya mama yake, na akaondoka ameinamisha kichwa. Niliona limau likitembea, wapendwa, nikamwambia ni miguu yake.

Atuganile, nakuona, uko benchi la mwisho. Miaka kumi na sita nimesimama hapa nikiwatazama ninyi kutoka upande huu. Leo nashuka. Nakuja kuketi hapo ulipo, na wewe uje usimame hapa, uniulize tena lile swali, polepole, watu wote wasikie. Sijui kama nina jibu. Wazee wa kanisa, mpisheni njia.