Gama na Mguu wa Uongo

Nisimulie, nisisimulie?
— Simulia!
Nidanganye, nisidanganye?
— Danganya kidogo!
Leo sidanganyi. Kaeni.

Hapo kale, si kale sana, meno yangu yakiwa bado yote kinywani, mimi Gama nilitekwa vitani. Tukapelekwa mbali, kambi ya seng'enge, baridi ya kukata masikio. Nilikuwa na mtani wangu, Lwambano. Yeye Mhehe, mimi Mngoni, na mnatujua: hatusalimiani bila kutukanana.

Ikatangazwa kwamba wagonjwa watarudishwa kwao kwa meli. Lwambano alikuwa akikohoa damu. Mimi nilikuwa mzima wa afya. Basi nikaanza kuchechemea.

Daktari akaja mara ya kwanza, nikachechemea. Akaja mara ya pili, nikachechemea. Mara ya tatu nikachechemea mpaka walinzi wakanihurumia. Nafasi ilikuwa imebaki moja, nikapewa mimi. Lwambano akabaki na kikohozi chake. Mnadhani nilimwachia? Thubutu! Nilifunga mzigo wangu.

Jioni wenzangu wakaniaga kwa ngoma, na ngoma yenyewe debe. Wakapiga lizombe, mchezo wa kwetu. Mimi nimekaa, mguu nimeunyoosha, mgonjwa taabani. Lwambano, kajifunika blanketi, akaniambia taratibu:

"Mtani, kumbe Wangoni mnaogopa hata debe?"

Jamani, Mhehe akuambie hivyo mbele za watu! Ningenyamaza, ningepanda meli. Nikasimama. Nikaruka mara moja. Nikaruka mara mbili. Nilipotua mara ya tatu, daktari alikuwa mlangoni, mikono kiunoni.

Asubuhi Lwambano akaondoka badala yangu. Mimi nikabaki miaka miwili namenya viazi.

Niliporudi nikakuta nimekuwa shujaa. Lwambano alikuwa amepona, naye ametangaza kila kijiji: "Gama alicheza makusudi, ili mimi nirudi." Kila mavuno akaniletea mbuzi. Kila mwaka nikaazimia kumwambia ukweli. Nikifungua kinywa, nasikia harufu ya mchuzi, nafunga.

Juzi tumemzika. Sisi watani ndio wa kuchekesha watu msibani, nikasimama nichekeshe, nikalia. Sikumwokoa yule mtu. Nilikuwa namwacha afe, na amekufa akinishukuru.

Hadithi imefika mlangoni.
— Itoke!
Tamu yake gawaneni. Chungu yake niachieni mimi.