Ukuta wa Jiko

Wapendwa, alikuwepo fundi cherehani mmoja aliyehamia mtaa wake kukiwa bado na nyumba tano tu. Katikati palipita kijito chenye matete huku na huku. Mji ukakua. Watu wakamwaga kifusi, wakajenga, kijito kikasahaulika. Lakini maji hayasahau njia. Masika iliyopita yaliingia nyumba kwa nyumba, na mama mmoja kijana alimwokoa mtoto wake mchanga kwa kumlaza juu ya kabati.

Ukaitishwa mkutano wa kuupanga mtaa upya. Fundi, kwa kuwa ndiye aliyebaki katika wale wa kwanza, akaombwa aseme. Akaeleza kijito kilikopita, hatua kwa hatua, mpaka bondeni.

"Turudishe matete," akasema. "Na aliyejenga kwenye njia ya maji abomoe!"

Makofi!

Mpimaji wa ardhi, binti mpole, akakunjua ramani ya zamani. "Baba, umesema kweli tupu. Ila lile jiko la bati jekundu, lililokaa juu ya njia ya kijito, ni la nani?"

"Langu." Kisha akaongeza upesi, "Hapo ramani imekosea."

Jiko lile alilijenga na mkewe, tofali kwa tofali, na mkewe sasa ni marehemu. Nani asiyejua?

Yule mama mwenye mtoto mchanga akainuka. "Jamani, tumwachie mzee wetu jiko lake. Ndilo alilobakiziwa na mkewe. Maji tutayatafutia njia nyingine."

Ungekuwa wewe, si ungeshukuru ukaketi? Hata fundi alitaka kuketi. Akashindwa.

"Mwanangu," akasema, "njia nyingine ndiyo hiyo ya mlangoni kwako. Maji yakigonga ukuta wangu hugeukia kwako. Niliyaona tangu mwaka juzi. Nikanyamaza."

Mama akamfunika mtoto kanga, akatoka mkutanoni.

Kesho yake fundi alianza kubomoa peke yake, akilia waziwazi bila kujificha. Ukuta wa pili ulipoanguka, akaona mikono mingine inaokota matofali. Ni yule mama, mtoto mgongoni. Hakusema kwamba amesamehe. Aliokota tu, akapanga pembeni.

Sasa tuje kwetu sisi. Tunajua sana kusimulia mji huu ulivyokuwa! Nani alikata miti, nani alijaza kifusi, kiongozi gani alifumba macho. Tunakumbuka yote, isipokuwa lililo letu. Je, Mungu alitupa ardhi hii tulinde kila mtu kipande chake, au tukae pamoja?

Jumamosi tunakutana kupanga bonde letu hapa. Njooni, tena njooni na maneno yenu. Lakini kabla hujatoka nyumbani, ndugu yangu, zunguka kwanza nyuma ya nyumba yako, ukatazame ukuta wako unampelekea nani maji.