Kidole Gumba Ndani ya Kibaba

Hadithi hii nimeletewa na shemeji yangu leo asubuhi, chai yangu ikapoa nikiisoma. Isome yote ndipo umpelekee mwingine.

Zamani, katika mji mmoja uliotawaliwa na Sultani, aliishi mchoraji aitwaye Mbaruku. Wachoraji wenzake walichora watawala na farasi wao. Yeye alichora dobi akikamua nguo, kinyozi akinoa wembe, mama akichambua mchele. Wenzake wakamcheka, wakamwita mchoraji wa jikoni. Kwa miaka ishirini kazi hiyo haikumshibisha. Yeye na mkewe Mwanahawa walikula posho ya mchele iliyotolewa kila Ijumaa kwenye ghala la Sultani kwa mafukara na wajane.

Sultani alipozeeka, miguu ilikataa kumpeleka mjini, naye alitaka kujua watu wake wanaishije. Akamwita Mbaruku, akamwagiza amchoree siku ya posho kwenye ubao mkubwa. Akampa na sharti.

"Mimi siwezi kwenda kuhakikisha. Ukinichorea uongo hata mmoja, nitaukata mkono huo unaochorea."

Mbaruku akahudhuria ghalani Ijumaa nane. Ubao ulipofunuliwa barazani, kila mtu alimtambua jirani yake, wengine wakajiona wenyewe wakacheka.

Ndipo akasimama Shihabu, msimamizi wa ghala, mtu mwenye tasbihi ndefu na sauti ya upole. Naye alikuwa amejiona, akipima mchele, kidole gumba kimezama ndani ya kibaba.

"Mtukufu, huu ni uongo," akasema. "Miaka kumi na miwili napima, na kibaba nakishika kwa nje. Kidole kikiingia ndani, mjane anapunjwa."

Sultani akamgeukia Mbaruku. Mbaruku akasema alichora alichokiona. Shihabu akaapa. Neno la fukara likasimama mbele ya neno la mtu wa ikulu, na mnajua lipi huwa zito.

Sultani akaagiza kiletwe kibaba na gunia la mchele. Akaagiza na upanga. Shihabu akapima kibaba cha kwanza, kidole kiko nje. Akapima cha pili, bado kiko nje. Mwanahawa akajifunika uso kwa ushungi. Kwa kweli hapo mimi nilishamkatia tamaa mchoraji wetu.

Askari akaushika mkono wa Mbaruku, akaulaza juu ya gogo.

"Mtukufu," Mbaruku akasema, "mtu akijua anatazamwa, hujitengeneza. Nilikaa ghalani Ijumaa tatu bila kugusa brashi, mpaka wakanisahau. Mwache apime gunia lote, halafu nikate."

Sultani akakubali. Shihabu akaendelea kupima, macho ya watu yote kwenye mkono wake. Sultani, ambaye hakuwa mjinga, akaanza kumuuliza habari za nyumbani: watoto hawajambo, shamba jipya limestawi vipi, na ile harusi ya binti ni lini. Shihabu akajibu kwa furaha huku mkono ukiendelea na kazi. Mazoea yana tabu. Alipofika kibaba cha kumi na tisa, akihesabu ng'ombe watakaochinjwa harusini, kidole gumba chote kilikuwa ndani ya mchele, na mwenyewe hana habari.

Watu wote wakakikodolea macho kidole kile. Ndipo Shihabu naye akautazama mkono wake.

Askari akamwachia Mbaruku. Wahenga walisema haba na haba hujaza kibaba, lakini haba na haba ya bwana huyu ilikuwa imejaza ghala la nyumbani kwake.

Sultani akamuuliza Mbaruku kwa nini hakuja kushtaki mapema, ilhali amekula posho hiyo miaka yote.

"Sikujua, Mtukufu," Mbaruku akajibu, machozi yakimtoka. "Miaka yote nilikuwa natazama mchele. Kidole nilikiona siku nilipokaa kumchora."

Shihabu alifukuzwa, na mchele aliojilimbikizia ukagawiwa wajane. Ubao ule haukubaki ikulu. Sultani aliamuru utundikwe juu ya mlango wa ghala, na mpimaji mpya akaanza kazi chini yake.

Funzo: Usitazame tu unachopewa, utazame na mkono unaokupa.